Siku Homa Iliposhuka

Jumatano, tarehe ishirini na mbili mwezi wa tano, saa nne asubuhi, nilimpoteza mume wangu Komora katika hospitali moja ya Malindi. Alikuwa na miaka arobaini na sita. Mimi nilikuwa ng'ambo ya ua, katika wodi ya wanawake, nimewekewa maji mkononi kwa ugonjwa uleule uliomuua. Sikuwa naye alipokata roho, na sikuwako alipozikwa.

Mimi si mtu wa kalamu. Nilimaliza darasa la nane hapa kwetu Hewani, na tangu hapo nilichoandika zaidi ni barua za kuwaombea watoto ruhusa shuleni. Lakini kila nikienda Garsen wanawake wananishika mkono wananiuliza, mama Rehema, ile homa ya dengi ilikuwaje, mbona mwenzako alikuwa amepoa? Kueleza kwa mdomo kunanichosha. Nimeona niandike mara moja, anayetaka asome.

Kwetu maji ya kunywa tunateka mtoni, na maji ya Tana hayanyweki yakitoka tu, ni tope. Tunayajaza kwenye pipa, tunayaacha siku tatu nne mpaka yatulie. Pipa letu lilikaa karibu na mlango, wazi. Vijidudu vilivyochezacheza juu yake tulivichuja kwa leso tukaendelea. Chandarua tulikuwa nacho na tulilala ndani yake kila siku. Mbu waliotuangusha hawakutungoja tulale. Walituuma mchana, tumekaa barazani.

Komora alianza Jumatano ya wiki ile ya nyuma. Alirudi kutoka kunyoosha ua, akasema macho yanamuuma kwa nyuma, kama mtu anayasukuma kwa vidole akiwa ndani ya kichwa. Kisha mifupa. Tulijua ni malaria, kwa sababu kwetu homa yoyote ni malaria. Tulinunua dawa bila kupimwa. Na mimi nikamwongezea zile tembe za maumivu anazomeza wakati wa palizi mgongo ukimkaza, mbili asubuhi, mbili jioni. Hospitali waliniambia baadaye kwamba tembe zile si za homa hii, zinazidisha kutoka damu. Nimeandika hivyo ili wewe usimpe mtu wako. Mimi nilishampa.

Ijumaa homa ikanikamata na mimi. Jumapili homa ya Komora ikashuka. Tukawa kama watu wa zamu, yeye anaamka, mimi nalala. Alioga maji ya moto, akala wali na kambare, akamwita mdogo wake Jillo aje wazungumze. Nilimsikia akicheka barazani nikamshukuru Mungu.

Siku hiyohiyo simu ikaja kutoka Madogo. Huko tuna binamu ya Komora anayepakia malori, na kila mto ukipanda yeye ndiye anayetupigia, maana maji yakipita kwao yanachukua siku kadhaa kutufikia sisi huku chini. Alisema mto umekula ukingo. "Mna siku nne, tano mkibahatika," alisema. Mahindi yetu yalikuwa shambani, kando ya mto palepale, hayajakauka vizuri. Kwetu simu ile ikija hakuna mjadala. Unavuna yakiwa mabichi au unaachia maji.

Jumatatu asubuhi Komora alisimama mlangoni na panga, ananiangalia mimi nilivyojikunyata kwenye mkeka.

"Nikuache hivi?" akasema.

"Mimi nina homa, wewe umepoa," nikamwambia. "Nenda ukavune kabla mto haujavuna."

Akacheka. "Jana ulikuwa unanifuta jasho, leo unanipa gunia."

"Gunia mbili," nikasema. "Na Jillo asikuachie kazi yote, ana mdomo mkubwa kuliko mikono."

Akaenda akicheka. Wala haikunipitia akilini kumzuia. Nimejiuliza sana na jibu ni hilo: homa ilikuwa imeshuka, na mahindi yalikuwa shambani. Sikujua, na hakuna aliyewahi kuniambia, kwamba katika ugonjwa huu siku homa inaposhuka ndiyo siku ya kumlinda mtu.

Alirudi alasiri kabla ya Jillo. Alikaa kwenye kizingiti, hakuingia. Mikono yake ilikuwa baridi kama samaki. Alisema tumbo linamkata, kisha akatapika. Alipochukua mswaki kusafisha mdomo, mate yalitoka mekundu. Akasema amechoka tu, ni jua.

Alfajiri ya Jumanne Jillo alitupeleka Garsen, kila mmoja na bodaboda yake. Tulikaa kwenye benchi la kituo cha afya tangu kabla hakujafunguliwa. Komora aliegemea bega langu na mimi niliegemea ukuta. Watu walitupisha mbele walipomwona, na hilo silisahau. Daktari alimpima shinikizo la damu mara mbili, kama haamini mashine. Kisha akanifunga mimi ule mkanda, akauacha umebana muda mrefu. Alipoufungua, mkononi pakabaki vidoadoa vyekundu vingi, kama mtu amenibandika punje za mtama.

"Nyinyi wawili mna kitu kimoja," akasema. "Na si malaria."

Tulipelekwa Malindi kwa gari la wagonjwa. Njiani maji yalikuwa yameanza kung'aa mbugani pande zote za barabara. Hospitalini tulikaa pamoja kwa benchi labda saa moja, mpaka majibu ya damu yakatoka. Hapo ndipo niliposikia kwa mara ya kwanza habari za chembe za kugandisha damu, ambazo wauguzi wanaziita pleteleti. Mimi nilikuwa na elfu hamsini na nane. Mtu mzima anatakiwa awe na zaidi ya laki moja na nusu. Za Komora hawakunitajia. Walileta kiti cha magurudumu wakamchukua.

Kabla hawajamsukuma alinigeukia. "Yale mahindi yako kwa Jillo," akasema. "Mwambie ayageuze juani, yataota ukungu."

Nikasema sawa. Hayo ndiyo maneno ya mwisho tuliyoambiana. Watu huniuliza kama aliniaga. Hakuniaga, alizungumzia mahindi.

Kesho yake, sista mmoja mnene mwenye sauti ya chini alikuja akakaa kitandani kwangu badala ya kusimama, nikajua. Alinishika mguu juu ya shuka. Alisema wamejitahidi. Nilimwuliza kama naweza kwenda kumwona, akasema subiri kwanza, akanipima homa. Haikuwapo. Homa yangu ilishuka asubuhi ileile aliyokufa mume wangu. Nilikuwa mwepesi na baridi, nina njaa kidogo, na niliona aibu kuwa na njaa.

"Usiinuke," sista akaniambia. "Sasa ndiyo tunakuangalia wewe."

Walinipeleka kumwona mchana, kwa kiti, dakika chache. Walikuwa wamemfunga kitambaa kidevuni. Nilimgusa paji la uso, nikarudishwa.

Alhamisi damu yangu ilisoma elfu kumi na tatu. Vidoadoa vilikuwa vimefika miguuni na tumboni. Nikijikuna kidogo pananibakia alama ya zambarau. Asubuhi hiyo hedhi ikaanza kabla ya siku zake, na haikuwa kama ninayoijua. Nilijaza pamba, nikajaza leso, nikaona haya kumwita sista, mpaka shuka ikasema yenyewe. Mwanamke atakayesoma haya, usione haya. Mwite sista mapema.

Mchana Jillo akafika. Yeye ni mdogo wake Komora wa tumbo moja, na siku ile alikuwa amefanana naye hata nilifumba macho. Alikuwa amekodi gari la kuchukua mwili, na mama mkwe wangu alikuwa amemwagiza jambo moja.

"Shemeji, mama amesema turudi na wewe," akaniambia. "Kaburi linachimbwa leo. Kesho saa sita tunazika. Maji yamefika kwa jirani, tukichelewa hadi Jumamosi hatutapita na jeneza."

"Huwezi kuwaambia wangoje?"

"Wanaweza kungoja. Mto je?"

Akavua kofia yake. Kisha akasema, anaangalia chini, "Shemeji, utalala kiti cha nyuma. Nimeweka godoro. Ni mwendo wa saa tatu tu."

Nilimwomba amwite daktari. Daktari alikuwa kijana, macho mekundu ya kukosa usingizi. Alisimama miguuni mwa kitanda na karatasi yangu mkononi. Naandika alivyosema, kwa sababu hapa ndipo watu wengi wamesikia vingine.

"Mama, siwezi kukufunga kamba," alisema. "Chembe zako ni kumi na tatu na zinashuka bado. Damu ikianza kutoka kwa ndani ukiwa barabarani, hakuna wa kukusaidia. Ningekuwa mimi nisingetoka. Lakini ni mume wako, najua maana yake. Ukiamua kwenda utaweka sahihi, nitakupa dawa za njiani. Amua wewe."

Akaondoka kutuachia nafasi. Jillo angenilazimisha ningemchukia na ningekwenda. Angenikataza ningemshukuru. Alisimama tu, ameshika kofia yake.

Ningependa kuandika kwamba niliwawaza watoto wetu wawili, wasibaki bila baba na bila mama siku moja. Ningesema hivyo kila mtu angenielewa. Lakini sikuwawaza watoto. Niliogopa kufa. Niliiona ile barabara, nikajiona nimelala kwenye godoro nyuma ya jeneza, natoka damu.

"Siendi," nikasema.

"Sawa, shemeji."

"Mwambie mama..." Sikumaliza.

"Nitajua la kumwambia," akasema. Akaweka mfuko wa machungwa kwenye kabati, akatoka. Kutoka dirishani kwetu ua wa nyuma unaonekana. Niliwaona wanapakia. Jeneza lilipita juu ya lile godoro, na godoro wakaliacha palepale.

Ijumaa ilikuwa elfu tisa. Walinibadilisha kitanda nikawa karibu na meza ya wauguzi. Walisema wameagiza chembe za kuongezewa kutoka Mombasa, na kwamba huenda nisizihitaji, na kwamba nisiswaki, nisichokonoe pua, nisijikaze chooni. Nilitakiwa kukaa kama yai.

Kitanda cha pili yangu alilala bibi mmoja Muorma, amevunjika nyonga, na binti yake Habiba alikuwa anamuuguza, analala sakafuni. Habiba ni mwanamke mrefu wa rika langu, kwao ni wafugaji wa upande wa Garsen. Tangu Jumanne tulikuwa hatujazungumza. Kati ya watu wake na watu wangu kuna mambo ya ng'ombe na mashamba ambayo nyote mnayajua. Saa tano aliona naiangalia simu, naiweka, naiangalia.

"Wewe nangoja nani?" akaniuliza kwa Kiswahili chake cha kubahatisha.

"Wanamzika mume wangu saa sita."

Aliinuka. Kisha akavuta mkeka wake, akauleta upande wangu, akakaa.

"Jina lake?"

"Komora. Wa Hewani."

"Hewani." Akafikiri. "Mahindi ya Hewani ng'ombe ya baba yangu ilikula sana. Mwaka ule wa ukame."

"Ilikula yetu," nikasema. "Komora alifukuza ng'ombe kumi na moja kwa fimbo, akarudi analia kwa hasira."

"Kumi na mbili," akasema Habiba. "Moja naingia msituni, hakuiona."

Nilicheka. Siku ya kumzika mume wangu, nikacheka, na fizi zikatoka damu. Habiba akanipangusa kwa kanga yake mwenyewe. Simu ikalia saa sita na nusu. Jillo alikuwa amewasha simu yake na kuishika juu. Nilisikia upepo, kisha mchungaji kwa mbali, kisha wimbo, wanawake wa kwetu, niliitambua sauti ya mama mkwe wangu kati yao. Halafu mtandao ukakatika. Nilipiga, haikuita. Nilipiga tena. Habiba alichukua simu akapiga yeye, labda alidhani kidole chake kina bahati zaidi, hata kwake haikuita. Sikusikia udongo.

"Sasa wamemaliza," Habiba akasema baada ya muda mrefu. "Wewe kunywa maji."

Nikanywa maji. Kila robo saa alinipa kikombe, na alihesabu kwa kutia mikunjo kwenye ukili aliokuwa anasuka. Zile chembe za Mombasa hazikuhitajika mwishowe. Jumamosi nilikuwa na elfu kumi na mbili. Jumapili thelathini na moja. Jumatatu sitini na sita, na daktari kijana alitabasamu kwa mara ya kwanza, akamwonyesha sista karatasi kama mtu aliyefaulu mtihani yeye. Mimi sikusikia furaha. Kila namba ilipopanda nilifikiria, kumbe ningekwenda ningeishi. Kisha nilifikiria, hujui. Mpaka leo sijui.

Viganja na nyayo zilianza kuniwasha siku hiyo, mwasho wa kutaka kujichuna ngozi. Sista alisema ni dalili ya kupona. Nilikaa na mikono ndani ya beseni la maji baridi, naangalia ukuta. Habiba na mama yake waliondoka Jumanne. Hakuniachia namba ya simu wala sikumwomba. Aliniachia ule mkeka.

Nilifika nyumbani mwezi wa sita ukianza, sehemu ya mwisho kwa mtumbwi. Maji yalikuwa yamefunika mashamba yote, na kaburi la Komora lilikuwa kwenye kilima kidogo nyuma ya nyumba, kavu, udongo umeanza kupasuka. Wanawake wote wa nyumba ya mume wangu walikuwa wamenyoa vichwa. Katika ukoo wao ananyolewa mjane kwanza, siku ya tatu baada ya maziko, kisha wengine. Walikuwa wamenyolewa bila mimi. Mimi peke yangu nilitembea pale na nywele.

Hakuna aliyenitukana. Mama mkwe alinipokea, akanipikia uji, akawaleta watoto. Lakini alinihudumia kama mgeni. Nikichukua ufagio ananipokonya. Nikikaa naye jikoni anapata kazi nje. Jioni watoto wakilala nilikaa barazani peke yangu na upande wa Komora ukiwa mtupu. Nilisikia kwa wifi zangu kile ambacho Jillo alisema: kwamba daktari alikataa katakata, kwamba alitishia kuita polisi. Jillo aliongeza chumvi ili anisitiri. Nami nikanyamaza. Wageni walipokuja kutoa pole waliniambia, masikini, hata kuzika mwenzako ulikatazwa, nami nikaitikia kwa kichwa. Niliitikia mwezi wa sita wote na wa saba wote.

Pipa nililipindua siku ya kwanza. Sasa tuna mapipa mawili yenye vifuniko vya kubana, na kila Jumamosi nayasugua ndani kwa brashi. Watu wa afya walipita wakatuonyesha. Fanya hivyo na wewe.

Mwezi wa nane maji yalikuwa yamerudi mtoni, na tulikuwa tunapanda kwenye tope lililobaki. Ndipo nywele zikaanza kunyonyoka. Nilikuwa sijui kwamba homa hii inaweza kuzichukua baada ya miezi. Zilikuja na kitana, zikabaki kwenye leso, zikaingia kwenye chakula. Siku moja saa tisa mchana mama mkwe aliinua kikombe chake cha chai akavuta unywele wangu mrefu kutoka ndani. Akaushika kwenye mwanga.

"Hizi nazo," akasema.

Sijui kwa nini nilichagua saa hiyo. Nikasema, "Mama, daktari hakunikataza. Aliniambia niamue. Mimi ndiye niliyekataa kuja. Niliogopa."

Aliweka kikombe chini. Akaangalia upande wa kaburi. Nilisikia wifi zangu nyuma ya nyumba wanachambua mbegu na kutaniana, hawajui chochote.

"Jillo alisema polisi," akasema.

"Jillo alinisitiri."

"Najua Jillo anavyodanganya, nimemzaa." Akapangusa kidole chake chenye unywele kwenye kanga. "Ungekuja, labda ningezika wawili. Mtu mzima naelewa hivyo." Kisha sauti yake ikabadilika. "Lakini nilitaka uje. Nilisimama pale naangalia njia mpaka wakaanza kutupa udongo. Nilitaka uje, mama Rehema."

"Najua, mama."

"Hujui," akasema.

Akainuka akaingia ndani. Nilidhani ndiyo basi. Akatoka na kigoda, beseni la maji, sabuni ya kipande na wembe mpya kwenye karatasi yake. Akaniwekea kigoda mbele yake, akanibonyeza mabega nikae. Alinilowesha kichwa akakipaka sabuni, mikono yake mizito. Akaanza kunyoa kutoka mbele kwenda nyuma, jinsi walivyonyolewa wengine. Nywele zilianguka kwenye mapaja yangu.

Alipofika nyuma ya sikio la kushoto wembe ukanikata. Nilisikia damu ya moto inashuka shingoni. Mkono wake ukasimama. Nami nikashika kingo za kigoda.

Akakibonyeza kile kidonda kwa kidole gumba. Tulikaa hivyo, mimi mbele, yeye nyuma. Wifi zangu walikuwa wamekuja hadi pembeni ya nyumba wanatutazama. Baada ya muda akaondoa kidole chake, akainama karibu akaangalia.

"Damu imekatika," akasema.

Akasuuza wembe kwenye beseni, akaendelea kuninyoa.